Kilemba Cheupe, Ukuta Mweupe

Picha ya kwanza nilitoka uso bila kichwa. Macho yalikuwepo, pua ilikuwepo, mdomo nilikuwa nimeufunga kama nilivyoagizwa, lakini juu ya nyusi hakuna kitu, ukuta tu. Kilemba changu ni cheupe, na kitambaa ambacho mpiga picha hutundika nyuma ya mtu wa paspoti nacho ni cheupe, basi taa yake ilipowaka vikamezana. Akanionyesha kwenye kompyuta. Akasema hii wakiiona watairudisha, watauliza huyu mtu kichwa chake kiko wapi.

Tulicheka, mimi na yeye. Studio yake iko Thika, mlango wa tatu kutoka kwangu ninaposhona sare za shule, na tumejuana muda mrefu. Kisha akaniambia, kwa sauti ya mtu anayekusaidia, nikitoe kilemba tu. Dakika moja. Atafunga mlango, atateremsha pazia, hakuna atakayeniona.

Nikaacha kucheka.

Kama umepita Ruiru siku ya Jumapili umetuona. Sisi ndio watu wa kanzu na vilemba vyeupe, tunaotembea kwa miguu kwenda ibadani na ngoma zetu, na watoto wanaotufuata wakijifanya wanacheza. Mama yangu alinifunga kilemba changu cha kwanza kabla sijajua kusoma. Nywele zangu zimeonwa na mume wangu, Mungu amlaze pema, na binti yangu, na mama yangu. Orodha ya niliowaruhusu imeishia hapo. Si kwamba ni nywele za ajabu. Ni zangu, basi.

Na sheria ya picha inaniunga mkono. Sheria hizo nazijua sasa kuliko vipimo vya kaptura. Ukuta mweupe nyuma. Uso uangalie mbele. Macho wazi, mdomo umefungwa, hakuna kucheka, hakuna miwani, mabega yaonekane. Kofia na vitambaa vya kichwa haviruhusiwi, isipokuwa vya dini, na hivyo navyo visizibe uso. Maneno hayo yalikuwa yamebandikwa kwenye ukuta wa mpiga picha mwenyewe, na nilimwekea kidole juu yake. Isipokuwa vya dini. Mimi sina ugomvi na sheria. Ugomvi wangu ni na watu wanaosoma sheria nusu.

Akakubali yaishe. Akasema niende nikashone zangu, nirudi jioni, atacheza nayo kwenye kompyuta.

Hapa inabidi niseme nilikuwa nakimbilia nini, maana mimi si mtu wa kusafiri. Mbali zaidi niliyowahi kufika ni kwenye harusi Nakuru. Lakini binti yangu, mtoto pekee niliyejaliwa, ameolewa Lusaka. Mumewe anaendesha lori za masafa marefu, wiki tatu yuko njiani, siku nne yuko nyumbani. Mwaka uliotangulia alipata mimba, ikaharibika ikiwa na miezi saba, na siku ile mumewe alikuwa mpakani na mzigo, na mimi nilikuwa hapa Thika nikikata vitambaa. Alilala hospitalini peke yake. Alinipigia simu kesho yake, akaongea kwa utaratibu sana, mpaka nikaogopa. Sasa alikuwa na nyingine, miezi mitano. Akaniambia neno moja tu, "Mami, safari hii usiniache."

Nikamwambia sitakuacha. Nilisema hivyo nikiwa nimesimama jikoni kwangu, mtaa wa Landless, na mwiko mkononi, nikaona ni jambo jepesi. Zambia Mkenya haulizwi viza. Kinachotakiwa ni paspoti, na paspoti ni fomu, na fomu ni picha. Ni nini hapo cha kumshinda mtu mzima?

Jioni nikarudi studio. Mpiga picha alikuwa amesimama mlangoni ananingoja, ameridhika na nafsi yake. Akanipa bahasha. Nikatoa picha, na Ngai, Mungu wangu, alikuwa amenivika nywele.

Lazima nieleze, maana asiyezijua studio zetu atadhani yule mtu ni mwendawazimu. Huku kwetu mpiga picha ana kabati la nguo ndani ya kompyuta. Unaingia na fulana ya mpira imekauka jasho, unatoka kwenye picha umevaa koti jeusi na tai. Nusu ya wanaume wa mji huu wana tai ambayo hawajawahi kuigusa. Basi yeye alinifanyia kama anavyowafanyia wengine. Alikifuta kile kilemba, akachukua nywele za mteja mwingine, nywele ndefu nyororo zilizogawanywa upande wa kushoto, akanibandika nazo. Kwa moyo mweupe kabisa. Hata hakuongeza bei.

Ukistaajabu ya Musa utaona ya Firauni. Nilifungua mdomo nimpe yake. Lakini nitasema ukweli, maana kama si hivyo hakuna haja ya kuandika. Sikumpa. Niliitazama ile picha. Niliitazama nikiwa dukani kwake, nikaitazama tena kwenye cherehani yangu, na nyumbani nikaisimamisha kwenye kikombe nikaitazama nikila. Yule mwanamke alikuwa mzuri. Alionekana mtu ambaye hajawahi kuulizwa swali mahali popote. Nikajiambia hii ni kazi ya kompyuta, kichwa changu hakijafunuliwa, dhambi iko wapi? Nikajiambia na mtoto hangoji. Nikalala nimeamua.

Picha ya paspoti haitoshi kupigwa, lazima mtu anayekujua na mwenye cheo aandike nyuma yake kwamba huyu ndiye, kisha atie sahihi. Mtu wangu alikuwa mchungaji wetu wa Ruiru. Nilimkuta nyuma ya kanisa akilisha kuku. Alinawa mikono, akavaa miwani, akaigeuza picha kuelekea jua.

"Huyu ni nani?" akauliza.

Nikamwambia ni mimi.

Akaitazama tena, taratibu, kama anayetafuta. "Wewe nakujua miaka ishirini," akasema. "Huyu sijawahi kumwona. Sasa niandike nyuma kwamba namjua?"

Hakuhubiri. Afadhali angehubiri, ningepata la kumjibu. Alinirudishia picha kwa mikono miwili, akaniuliza habari za binti yangu, akanipa mayai sita. Nikatoka pale na mayai yangu uso ukiniwaka. Nilikuwa na hasira na yeye, na hasira na mpiga picha, lakini zaidi nilikuwa na hasira na mimi, kwa sababu hiyo ilikuwa mara yangu ya pili.

Mara ya kwanza nilikuwa na miaka kumi na minane, nilipoenda kuchukua kitambulisho. Karani aliyeshika kamera alisema toa hicho kitambaa. Sikubishana. Tulikuwa tumefunzwa kutobishana na mtu aliye nyuma ya meza. Nikakitoa, nikakishika mapajani, nywele zangu wazi mbele ya chumba kizima cha watu nisiowajua. Na unajua alifanya nini yule karani? Hakuniangalia hata. Alikuwa anakula karanga. Akabonyeza, akasema mwingine. Nilipotoka nje kilemba nilikuwa nimekirudisha vibaya, kimeanguka upande. Mama yangu alikuwa ananingoja. Alinivuta kando ya ukuta, akanikinga kwa leso yake watu wasione, akakifungua, akanifunga upya.

Tangu siku hiyo, kila ninapotoa kitambulisho, benki, kwenye geti za majengo, kwa askari, kidole gumba changu kinafunika ile picha. Miaka thelathini. Kidole kimeshazoea, hata sikiambii. Sasa nilikuwa nimetaka kujitengenezea picha ya pili ya kufunika.

Ile yenye nywele niliichana jioni hiyo hiyo, vipande vidogo, nikavitia kwenye jiko la moto.

Halafu nikafikiri kama fundi, jambo ambalo nilipaswa kulifanya tangu mwanzo. Mtu asiyeshona hudhani nyeupe ni moja. Nyeupe ni nyingi. Kuna ile ya mashati ya shule, yenye buluu kwa mbali. Kuna ya shuka za hospitali. Na kuna amerikani, pamba ambayo haijatiwa dawa ya kung'arisha, rangi yake ni ya maziwa yaliyochemka yakatulia. Nilikuwa na kipande chake, nakitumia kwa mifuko ya ndani. Nikakikata, nikakipinda, nikakipiga pasi, nikakifunga kichwani mbele ya kioo. Nikakiweka karibu na shati la shule. Kilionekana.

Siku ya pili mpiga picha hakufurahi kuniona, na nilipomwambia nywele zake nimezichoma alinuna. Akaniambia mimi ni mgumu. Nikamwambia asante. Nikakaa kwenye kiti, nikakisogeza hatua moja mbele, mbali na kile kitambaa chake, nikamwambia taa aiweke kando isinipige usoni moja kwa moja, mikunjo ya kilemba ipate kivuli. Alisema ni nani anamfundisha nani. Nikamwambia wewe unajua kamera, mimi najua kitambaa, tusipotezeane wakati. Akasogeza taa. Kisha akapata lake: masikio. Alisema siku hizi wanataka masikio yaonekane. Kwenye karatasi yake ukutani neno hilo halikuwepo, lakini nikaona mgala muue na haki yake mpe, kama yatasaidia uso ujulikane basi yatoke. Nikapandisha ukingo wa kilemba kila upande. Masikio yangu hayajazoea umati. Yalitoka kwenye picha yamesimama kama yameitwa.

Lakini kichwa kilikuwepo. Kizima, na kilemba juu, kila mkunjo unaonekana. Hata mpiga picha aliguna kwa kuridhika, ingawa hatakiri.

Nikarudi Ruiru. Mchungaji akavaa miwani, akatazama. Akasema kilemba hiki si cheupe.

"Kinafuliwa," nikamwambia.

"Kikifuliwa sana?"

"Kinakuwa cheupe."

Akaandika nyuma kwamba ananijua, akatia sahihi na muhuri. Nilitoka pale natembea kama niliyenunua shamba.

Kupata siku ya kuitwa ofisi ya paspoti kulichukua mwezi, na mwingine, na mwingine. Nilipokaa mbele ya meza hatimaye, binti yangu alikuwa anaingia mwezi wa tisa. Ofisa alikuwa mwanamke, mpole, kucha zimepakwa rangi vizuri, rika la binti yangu. Akapitia karatasi moja moja. Picha ilikuwa sawa. Sahihi ilikuwa sawa. Kisha akaomba kitambulisho, nikampa, na kidole changu kikabaki juu yake mpaka akakivuta kutoka mkononi mwangu.

Akaangalia kile, akaangalia picha, akaniangalia. Akasema kwenye kitambulisho mimi sina kilemba. Akauliza hii dini nimeingia lini.

Nikamweleza. Karani, karanga, miaka kumi na minane. Alisikiliza, nitampa hiyo. Kisha akasema hata yeye angependa kunisaidia, lakini picha mbili hazifanani. Hapo mezani kulikuwa na kamera yao wenyewe. Nikikitoa kilemba dakika moja anipige sura iende na kitambulisho, faili langu linapita leo, baada ya siku kumi nachukua paspoti. Nikikataa, faili linaenda kwa mkubwa wake, nilete barua ya kanisa, na mkubwa ataamua. Nikamuuliza mkubwa huchukua muda gani. Akasema wiki tatu. Au tano. Hakutaka kunidanganya.

Nilihesabu. Kila mtu angehesabu. Nikaomba nitoke kidogo, nikasimama kwenye baraza, nikampigia binti yangu. Nilimweleza yote. Sijui nilitaka aniambie nini. Labda nilitaka aniambie simama hapo hapo Mami. Akasema, "Ni kitambaa, Mami. Kitoe uje."

Yeye alikiacha chake siku alipoolewa, na sikumlaumu, kila mtu na kichwa chake. Nikamwambia nitakuja, lakini sitakitoa. Akakata simu.

Wengine watasema ni kiburi. Dada yangu anayeishi Kalimoni alisema hivyo hivyo, tena mbele ya watu, kwamba nimechagua nguo nikaacha damu yangu. Wacha aseme. Yeye hajawahi kukaa kwenye kile kiti. Mimi nimekaa mara mbili, na nilijua kitu ambacho hakuna kati yao aliyekijua, kwamba dakika moja haiishi. Ile ya kwanza ilikuwa bado inaendelea kwenye kidole changu. Na yule ofisa wa kucha za rangi alikuwa mtu mwema, ndiyo, lakini alikuwa ananiomba kitu ambacho sheria yake mwenyewe haikuomba, kwa sababu mtu mwingine aliniomba vibaya zamani. Yaani nilipe kosa lao kwa kulirudia. Hapana.

Nikarudi nikakaa. Nikamwambia, "Peleka kwa mkubwa. Kilemba kinabaki."

Aliandika kitu kwenye faili. Kisha akasema, bila kuinua macho, kwamba mama yake pia ni mgumu. Nililia ndani ya matatu njia nzima kurudi Thika, na sikujificha. Mwanamke mmoja alinipa tishu, akaniuliza ni msiba. Nikamwambia bado.

Barua ya kanisa niliipeleka kesho yake asubuhi kabla hawajafungua. Wiki iliyofuata nikaenda kuuliza. Iliyofuata tena. Mlinzi wa getini akaanza kuniita Mama Kilemba, nikamwacha aniite. Katikati ya safari hizo nilishona nguo za mtoto, nyingi kupita kiasi, na binti yangu hakushika simu zangu. Aliniandikia maneno mawili, niko sawa, na kesho yake tena, niko sawa. Niliogopa. Nitasema wazi, niliogopa mpaka nikashindwa kula. Nilikuwa naamka nikiona kile kitanda cha hospitali cha mwaka uliopita na mtoto wangu juu yake hana mtu. Nikawa nauliza Mungu kama ananijaribu, na kama nimefeli, aniambie mapema. Lakini hata katika hofu hiyo, mikono haikuwahi kupanda kichwani.

Mkubwa alichukua wiki tatu na siku tano. Niliitwa Jumanne. Nikafungua paspoti palepale kaunta, na pale ukurasani nilikuwa mimi, masikio yamesimama, kilemba cha amerikani kichwani, na muhuri wa serikali umepita juu ya vyote.

Mtoto alikuwa amezaliwa Alhamisi iliyotangulia.

Jirani wa binti yangu ndiye aliyenipigia Alhamisi ile, mwanamke mwenye sauti nene, Kiswahili chake cha kuokota barabarani. Ni msichana, akasema, wote wazima, yeye ndiye aliyempeleka kwa teksi. Nilimshukuru mpaka akacheka. Nikauliza mume. Mume alikuwa njiani. Nikauliza nani alimshika mkono. Hakunielewa, au alinielewa akaona aibu, akasema salamu nyingi.

Binti yangu mwenyewe alipiga Jumatano, siku moja baada ya paspoti. Nilikuwa kwenye cherehani. Niliisimamisha mashine kwa kiganja.

"Mtoto ana nywele nyingi," akasema.

Nikasema nashukuru Mungu.

"Nilikuambia usiniache."

Nimeishi na methali tangu nizaliwe, nina moja kwa kila jambo, na saa hiyo sikuwa nayo hata moja. "Ni kweli," nikamwambia. "Nilikuacha."

Nadhani alikuwa amejiandaa nimbishie. "Walikuwa wanauliza nina nani. Kila aliyeingia anauliza nina nani. Nikasema mama yangu anakuja. Nilisema hivyo mpaka nikajisikia mjinga."

Nikalia, naye akanisikia nikilia, na hakuninyamazisha.

"Ukirudishwa kwenye kile kiti leo," akasema, "sasa ukijua, ungekitoa kilemba?"

Ningeweza kumdanganya. Alikuwa mzazi wa siku sita, kifua kinamuuma, na ndiyo moja ingemlaza vizuri. Mpiga picha wangu angempa hiyo ndiyo, tena bila kuongeza bei.

"Nisingekitoa," nikasema.

Nyuma yake nilimsikia mtoto akianza, kwanza kama anakohoa, kisha kilio chenyewe, chenye nguvu, cha mtu aliyekuja kukaa. Nikamsikia binti yangu akiinuka polepole, akisema shii, shii, jinsi nilivyokuwa nikimwambia yeye. Nilidhani amenisahau kwenye simu.

"Basi njoo nacho," akasema. "Lakini njoo."